Hodi ya Tatu

"Mama, mchezaji hawezi kungoja," Hemedi alisema kwa mara ya nne asubuhi ile. "Akibonyeza tu, mlango ufunguke. Ramani anayoitafuta imo ndani."

Bi Mwanakombo akavua miwani. Aliajiriwa na Hemedi na wenzake kuwaandikia maneno wahusika wa mchezo wa kompyuta, ambamo mchezaji hujifanya msafiri na kuchagua la kusema na la kutenda. Kila chaguo lilitaka jibu lake, na vidole vilishamuuma. Lakini mwenye nyumba yenye ramani alikuwa mjane aliyekaa eda, asiyeonana na wanaume wa nje.

"Mwanamke yuko eda, mwanangu, nawe unataka mwanamume ajiingilie tu nyumbani kwake kama ng'ombe anayerudi zizini?"

"Si mtu wa kweli, mama!"

"Kwako wewe. Mlango huo ukifunguka hivi hivi, mimi kazi yenu basi."

Hemedi akajishika kichwa. "Wachezaji wataupiga teke, nakwambia."

"Astaghfirullah! Haya, waupige."

Akaandika huku akimwomba Mola amzidishie subira, kisha akamsukumia daftari. Atakayepiga teke atakuta chai inafuka moshi na mlango wa uani uko wazi. Mjane amekimbia, na ramani kaenda nayo. Atakayepiga hodi tatu, akangoja nje, atapewa ramani kwa mkono uliopenya pazia.

Hemedi alisonya, akayaingiza maneno, akakaa kuujaribu mchezo. Kidole kikaenda penye teke, kikasita.

Akabonyeza hodi. Kimya. Akabonyeza tena, kisha ya tatu, akangoja.

Pazia likatikisika kidogo, na Hemedi akajikuta amebana pumzi.