Jasho Kidevuni mwa Fundi

Siku fundi alipopasua lile jiwe jeusi, mwanga wa karakana uligeuka rangi ya chai, naye akaganda ameinama, tone la jasho likining'inia kidevuni. Wawili walioingia kumvuta waliganda vilevile.

Mama yake alizeekea mlangoni. Mjukuu ambaye mama huyo alikuwa akimbeba mgongoni sasa ameanza kuota mvi, baba yake, yule fundi, hana hata moja.

Leo asubuhi walikuta fundi ameinua macho.

"Mwanangu! Ni mimi!"

"Bibi, kwake hata dakika haijaisha," mjukuu alisema, akimshika bega. "Tafadhali usivuke kizingiti."

Mama alitazama vizuri. Macho yale yalimwangalia kwa adabu tu, kama mtu anavyomwangalia kikongwe asiyemjua.

Akauondoa mkono wa mjukuu begani, taratibu, akavua viatu.