Wimbo wa Msibani

Eliseo aliiandika filamu ile, akaitungia muziki, na kama kawaida yake akaicheza mwenyewe. Sasa Mirta, mhariri wake, alishika mkasi juu ya kipande cha utepe wa filamu ambamo Eliseo anaimba msibani.

"Mzee, ukiimba hapa watu watamsahau marehemu."

"Wimbo huo nimeuhangaikia miezi mitatu, Mirta!"

"Na ni mtamu. Ndiyo balaa yenyewe."

Akamwonyesha kipande kingine, kilichopigwa kabla Eliseo hajaingia kwenye onyesho hilo. Mjane alikuwa peke yake, akifunga vifungo vya shati la mumewe, kimoja kimoja, kisha akalikunja. Eliseo alisahau kubishana.

"Lete mkasi," alisema.

Utepe alioukata ulianguka ukajiviringa miguuni pake, na katika kila kijipicha kinywa chake kilikuwa bado wazi.