Mkeka wa Kititia

Mkasi ulikuwa tayari mkononi mwa Haula. Wahida alijitupa juu ya mkeka, akalala kifudifudi.

"Kata mgongo wangu kwanza!"

"Ondoka, mwanangu. Nakata hapo katikati tu."

"Ukikata katikati kinabaki nini, mama? Kitambaa cha kufutia miguu?"

Haula alikuwa amekuja Quionga asubuhi, ametumwa na upande wa bwana harusi kuangalia kama mambo yako sawa. Ndoa ilikuwa kesho, baada ya sala ya Ijumaa. Wali aliusifu, mapazia aliyasifu. Kisha mkeka wa harusi, wa kutandikwa kitandani, ukakunjuliwa sebuleni, na pale katikati akaona umbo la ukindu mwekundu: mikono minne, kila mmoja umepinda kwenye kiwiko, yote inakimbilia upande mmoja.

Mkeka ule aliusuka Biubwa, bibi yake Wahida. Tangu warudi kutoka ukimbizini, Biubwa alikuwa anasuka mikeka ya kuzikia tu, mieupe, isiyo na ua. Watu wa Quionga walikuwa wameshazoea kumwona na ukindu mtupu. Huu ndio wa kwanza kuutia rangi. Sasa alikuwa ameketi kando ya ukuta, anapunguza ncha za miyaa ya kusukia kwa kisu kidogo, kama vile maneno yale hayamhusu.

Chanzo cha yote kilikuwa Mwalimu Ernesto, jirani. Alipita kuleta viti vya kuazima, akaweka mzigo chini, akautazama mkeka, na kabla hajajizuia akasema, "Cruz gamada."

Haula hakujua Kireno kingi, lakini *cruz* aliijua, ndipo akachukua mkasi.

"Msalaba?" alirudia sasa, mkasi bado mkononi. "Kwenye kitanda cha Waislamu?"

"Siyo huo wa kanisani, mama," alisema Ernesto.

"Kwani iko mingapi?"

"Na *gamada*," alidakia Wahida kutoka chini, "kwenye novela za runinga ni mtu aliyependa mpaka akili zimemruka."

"Msalaba uliopenda!" Haula alipiga makofi. "Leo nimeyasikia."

Ernesto alicheka, kisha akaacha. Akaeleza polepole, maana hakutaka kuharibu sherehe ya watu. Zamani, huko Ulaya, kulikuwa na watawala walioiweka alama hiyo kwenye bendera yao. Waliua watu wengi mno, wake kwa waume, na watoto. Mpaka leo wapo watu ambao wakiiona tu, machozi yanawatoka.

Biubwa aliacha kisu.

"Mungu awapokee waliokufa," alisema. Kisha akauliza, "Kwa hiyo hata kititia walikichukua?"

"Kititia?" aliuliza Haula.

"Kile cha makuti. Cha watoto. Unakichoma kwenye kijiti, unakimbia nacho, kinazunguka. Ndicho nilichosuka."

Haula alikitazama tena. Ilikuwa kweli. Hata yeye alikimbia navyo vichochoroni utotoni.

"Nami nimekumbuka," alisema, sauti imepungua. "Mtwara kuna Baniani mmoja, alikuwa amekichora mlangoni mwa duka lake. Nilidhani ni namba ya nyumba. Nikaambiwa ni baraka."

"Umeona!" alisema Wahida. "Baraka!"

"Nimeona nini? Huyu anasema mauti, yule baraka, wewe unasema mapenzi ya novela, na bibi yako anasema mchezo wa watoto. Lipi kati ya hayo litaingia chumbani kesho? Watu tayari wanaicheka ndoa hii. Wakisikia na mkeka una neno, kwetu watasema niivunje. Na nitaivunja. Kweli ya Mungu."

Akamgeukia Biubwa. "Bi harusi mwenyewe anasemaje?"

Biubwa aliinamia miyaa yake.

"Bi harusi anautaka huuhuu," alisema Wahida haraka, huku amekumbatia mkeka kwa mikono yote miwili. "Na mwingine hakuna. Mkikata, harusi hakuna!"

Haula aliweka mkasi kwenye kiti, akatoa simu. Bwana harusi, Mashaka, alikuwa njiani anatokea ng'ambo ya Ruvuma. Haula alimwamkia, akamweleza yote, msalaba, bendera, duka la Baniani, kisha akaweka spika ili kila mtu asikie.

Wahida alifumba macho.

"Bi harusi anaiitaje alama hiyo?" iliuliza sauti ya Mashaka.

"Kititia."

"Cha makuti?"

"Hichohicho."

Mashaka alianza kucheka, akacheka mpaka akakohoa. "Basi ni kititia. Aliyeusuka ndiye anayejua alichosuka. Mwambieni bi harusi upepo uje tu, mbio bado ninazo."

Simu ikakatika. Ernesto alikuwa wa kwanza kucheka, halafu Wahida, ambaye alibiringika juu ya mkeka kama mtoto. Haula alijitahidi kukaza uso, akashindwa, akajifuta macho kwa pembe ya mtandio.

"Haya," alisema. "Mwalimu, wewe maliza viti vyako utoke, hapa sasa ni pa wanawake. Hina iko wapi? Jua linakwenda."

Wahida aliruka, akaleta bakuli. Alipiga magoti kwenye mkeka, akaikunja kanga ya bibi yake kidogo kidogo mpaka juu ya vifundo, akaishika ile miguu ya kizee kwa mikono miwili.

"Tulia basi, bi harusi," alimwambia. "Ukicheka, ua litapinda."