Kiti cha Karibu na Mlango

Nilimzika mke wangu Ijumaa. Jumapili mchana nilikuwa jukwaani Limbe, kwenye sikukuu ya mtakatifu wa mji, nikiipigia bendi yetu kengele ya chuma kwa kijiti.

"Baki nyumbani, kaka," mwimbaji wetu alikuwa ameniambia. "Kengele atapiga mtu mwingine."

"Nyumbani nikafanye nini?"

Bendi yetu ina miaka arobaini na mbili. Kompa, muziki wetu wa kucheza wawili wawili, bila kengele ni watu wanatembea tu. Ukumbini kila jozi ilikuwa imekumbatiana, ikicheza juu ya kigae kimoja bila kuhama. Kijiti changu kilikuwa na ufa, na kila pigo ufa ule ulinibana ngozi ya kidole gumba. Niliona damu. Sikusikia maumivu.

Katikati ya wimbo mwimbaji akaanza kutoa salamu, kama kawaida yake.

"Fundi viatu, salamu! Mama wa nyama ya kukaanga, nakuona, usijifiche!"

Watu wakacheka. Kisha, kwa mazoea ya miaka yote hiyo, akanyoosha mkono kuelekea kiti cha karibu na mlango.

"Na Elvaniz, shemeji yangu, mke wa kengele! Leso iko wapi leo? Punga tuione!"

Kiti kilikuwa kitupu.

Mwimbaji akajiziba mdomo. Gitaa likanyamaza, tarumbeta zikanyamaza, ngoma nazo. Wachezaji wakasimama vilevile walivyoshikana, wakinitazama.

Kengele ilikuwa bado inalia. Ilinichukua muda kutambua kwamba anayeipiga ni mimi.