Tawi la Koboko Halifungwi

Kiti kilikuwa kimewekwa katikati ya mlango wa duka, na juu yake alikaa mama mmoja wa makamo, amekunja mikono.

"Mimi hapana toka hapa," alisema kabla Obitre hajashuka vizuri kwenye pikapu. "Ambia hiyo Kampala yenu."

Obitre alikuwa ametoka Arua na kufuli mpya. Ndiye aliyekuwa meneja wa kampuni ya televisheni kwa eneo zima la West Nile, lakini alikuwa mgeni kazini na tawi la Koboko hajawahi kulikanyaga. Alijua tu kwamba muuzaji wake ni mwanamke, na kwamba alipoandikiwa afunge duka, hakujibu. Sasa alielewa kwa nini.

"Mama, si mimi niliyeamua," alisema kwa upole. "Kampuni inataka kukua. Itauza skrini kubwa kwenye miji mikubwa. Hizi ndogo za dijitali inaachana nazo."

"Kukua gani hiyo, ya kukimbia watu?"

Obitre aliona kwamba mama huyo hata shati la njano la kampuni hakulivaa, amejifunga kitenge chake. Hasira imemfikisha mbali, akawaza.

Wakati huo akaja Basile, mfanyabiashara kutoka upande wa Congo, akiulizia televisheni za kwenda kuuza kwao. Mama akainuka, akasogeza kiti. Akampisha mteja, na Obitre akalazimika kuingia nyuma ya mteja huyo.

"Hii inakamata picha yenyewe, king'amuzi hapana," mama alimwambia Basile. "Sola kidogo inatosha. Kule Kuluba mutu moja akiwa nayo, jirani wote wanaona. Lakini washa kwanza hapahapa, usikie."

"Na ikiharibika?" aliuliza Basile.

Mama akamwelekezea Obitre kidole. "Uliza huyu. Kampuni ni yao."

Wote wawili wakamtazama. Kufuli ilikuwa nzito mfukoni mwake.

"Tutaitengeneza," alijikuta akisema. "Hapahapa Koboko."

Basile akachukua zote zilizokuwa kwenye rafu ya chini. Baada yake wakaja wanawake wawili kutoka Sudan Kusini, kisha mwalimu mmoja, na kila mmoja aliambiwa vilevile: washa kwanza, kisha uliza huyu. Kila mara Obitre aliahidi, na kila ahadi ilitoka kwa sauti kubwa kuliko ile ya kabla yake.

Jua lilipoinama alitoka nje, akampigia simu mkubwa wake wa Kampala.

"Umefunga?"

"Sifungi. Hapa wananunua watu wa nchi tatu. Kama mnataka kukua, hapa ndipo pa kukulia."

"Obitre, ukikataa, kesho ukabidhi pikapu."

"Mtaikuta Arua. Duka sifungi."

Mkubwa akamuuliza zimeuzwa ngapi leo; Obitre akachungulia mlangoni, akasema rafu ya chini yote ni tupu. Mwishowe mkubwa akashusha pumzi, akasema basi, tawi libaki, na fundi atatumwa. Kisha akauliza ni nani huyo muuzaji. Mtu anayeuza hivyo anafaa kupandishwa cheo.

Obitre alirudi ndani karibu anakimbia.

"Mama, tumeshinda. Wamekubali, na wewe wanataka kukupandisha. Niambie jina lako kamili nilipeleke Kampala."

Yule mama alimtazama kama mtu asiyesikia vizuri.

"Kunipandisha wapi? Yule msichana wenu wa kuuza alishakwenda Juba. Nilimkuta anafunga virago, nikamnyang'anya ufunguo." Akavuta kiti, akakaa tena mlangoni. "Mimi iko mteja. Televisheni niliyonunua hapa haitoi sauti. Huyo fundi anakuja lini?"