Ufa wa Kidole Gumba

Kisusi alipima mara tatu, kisha patasi ikamdondoka.

Mtaani walimwita Shemeji wa Mlima. Kila sanamu aliyochonga ilikuwa ya mlima ule ule, na kila asubuhi alikuja kuutazama kutoka uani kwa dada yake Zamoyoni, aliyejenga chini ya mlima huo kabisa. Alinyoosha mkono, akafumba jicho moja, akapima kwa vidole.

“Dada, chukua watoto mtoke.”

Zamoyoni aliendelea kukanda unga wa chapati. “Mlima umekukataa leo?”

Kisusi akamsogezea sanamu ya mbao. “Ufa huu niliuchonga mwezi uliopita. Nilipopima hapa hapa, ule wa mlimani ulijificha nyuma ya kidole cha mwisho. Leo hata kidole gumba hakiufichi!”

“Umekonda, mdogo wangu. Nilikwambia uoe.”

“Sitanii, dada.”

Zamoyoni akaacha kucheka. Tangu wakiwa watoto, alikuwa hajawahi kumsikia huyu akisema hatanii. Akanyoosha mkono wake uliojaa unga, akafumba jicho moja. Kidole chake kilikuwa kinene kuliko cha mdogo wake, lakini weusi wa ufa ulionekana pande zote mbili.

Kijiwe kikaja kikibingirika taratibu, kikagonga jiko, kikatulia.

“Waite watoto,” alinong’ona, mkono bado uko juu, kana kwamba akiushusha, mlima nao utashuka.