Siri Iliyomwasha Kanga Kooni

Hapo kale, ila si kale mno maana simu zilishaingia porini, Kanga mmbea alikuwa ameatamia mayai yake. Ujumbe ukaingia kutoka namba ngeni: "Dada, ni mimi mdogo wako Kwale, simu yangu imeharibika. Nguchiro anakuja kwako. Yale mayai yalete kichaka cha mtoni sasa hivi. Usimwambie mtu."

Kanga akainuka, akalishika yai la kwanza. Lakini lile "usimwambie mtu" likamwasha kooni. Siri gani hii? Nani mwingine anayo? Akashindwa. Kwa mazoea akampigia Kwale kwenye namba ya zamani.

"Mdogo wangu, nina jambo, ila nimekatazwa kusema."

"Nani kakukataza?"

"Si wewe?"

"Mimi? Dada, nikukataze wewe kusema, nipoteze pumzi zangu bure?"

Kanga akarudi kuatamia. Kisha akawapigia ndege wote, na chumvi akaongeza. Walipofika naye kichakani, wakamkuta Nguchiro amekaa na kikapu kitupu.

"Mdogo wangu Kwale," Kanga akamwambia, "mbona umeota meno?"

Hadithi yangu imeishia hapo, na nyie mkaitangaze.